Ulimi wa Wakili ni Amana ya Nani?

Twapenda kuzungumza na ndugu zetu juu ya jambo lililozuka katika darsa yetu hapa Kibarani, nalo halikwisha usiku ule wala usiku uliofuata.

Kijana mmoja katika wanafunzi wetu, aliyemaliza masomo ya sekondari kwa kufaulu vizuri, aliinua mkono baada ya sala ya Isha akasema: "Mwalimu, nataka kwenda kusomea uwakili, na baadaye, Mungu akijaalia, nigombee kiti nipate kuwasemea watu wa hapa. Nyumbani hawaafikiani. Baba ameridhika, lakini babu asema hatakula chumo la uwakili."

Babu yake, naye alikuwapo, hakungoja kuulizwa. "Mjukuu wangu," akasema, "wakili ni ulimi wa kukodi. Leo humtetea mwenye haki, kesho humtetea dhalimu, na sauti ni ile ile. Mtu aliyezoea hivyo miaka ishirini, mkimtia barazani, atamsemea nani?"

Tulikuwa na majibu mepesi ya kumpa mzee, lakini tulipoyapima tukaona swali lake ni zito kuliko majibu yetu. Basi tukaomba muhula, tukaenda kusoma na kuulizana, na haya tuyaandikayo ndiyo tuliyoyapata. Hatudai kuwa tumemaliza. Lakini kwa kuwa kila baada ya miaka mitano twaombwa kura zetu na watu wenye ndimi nzuri, na wengi wao ni wanasheria, twaona swali la mzee huyu ni la kila nyumba.

Kwanza tulitazame neno lenyewe. Lugha yetu imewakutanisha watu wawili bila ya sisi kuangalia: wakili asimamaye mahakamani na mwakilishi aketiye barazani wote wametoka katika shina moja la Kiarabu, na maana yake ni kukabidhiwa jambo la mwingine. Kwa hiyo mtu anapotoka mahakamani akaingia barazani, kwa jina hajabadili kazi. Alikuwa amekabidhiwa, na sasa amekabidhiwa tena. Lakini je, aliyemkabidhi ni yule yule? Hapa ndipo penye fundo, na tutalirejea.

Kuwa wakili si haramu. Katika fiqhi wakala ni mlango unaojulikana, na vitabu vyataja kwamba Sayyidna Ali bin Abi Talib alikuwa hapendi kuhudhuria mashtaka mwenyewe, akamweka ndugu yake Aqil amsimamie, na Aqil alipokuwa mzee akamweka Abdullah bin Jaafar. Ikiwa mtu mwenye elimu na ufasaha kama wake aliona kuna haja ya msemaji, basi mjane asiyejua kusoma hati ya nyumba yake ana haja zaidi. Lakini wanazuoni wameweka mipaka. Wakili ni mwaminifu wa mali na siri za aliyemweka. Hana mamlaka ya kupita alipotumwa. Na lile asiloruhusiwa mtu kulifanya kwa mkono wake, haruhusiwi kulituma lifanywe kwa mkono wa mwingine. Mwizi hawezi kumpa mtu uwakala wa kuiba, wala mwongo hawezi kumpa mtu uwakala wa kusema uongo.

Tena kuna hadithi sahihi ambayo kila mwenye ufasaha angeitundika mbele ya meza yake. Mtume aliwaambia watu kwamba wanamletea magomvi yao, na huenda mmoja akawa mjuzi zaidi wa kutoa hoja kuliko mwenziwe, naye akahukumu kwa alivyosikia. Basi yeyote aliyehukumiwa haki ya ndugu yake kwa njia hiyo ajue kuwa amekatiwa kipande cha moto. Tazameni jambo hili lilivyo kubwa. Ikiwa mbele ya Mtume mwenyewe ufasaha waweza kumpa mtu kisicho chake, itakuwaje mbele ya hakimu wa kawaida, na itakuwaje katika baraza la madiwani ambako hakuna hakimu kabisa?

Sasa twapenda kuleta mfano wa maisha ya mtu, kwa kuwa hoja bila ya mtu haishiki moyoni. Mtu huyo hakuwa Muislamu, na tulipomtaja darsani wengine walituuliza kwa nini twendako ni kwa Baniani. Tuliwajibu kwamba hatumtaji kwa dini yake, twamtaja kwa kuwa njia anayoitaka kijana wetu yeye aliipita mwanzo hadi mwisho, na aliipita katika mji huu huu.

Huyo ni Ambalal B. Patel, ajulikanaye zaidi kama A. B. Patel. Alikuja Mombasa kutoka India katika miaka ya 1920 akiwa mwanasheria, akafanya kazi ya uwakili hapa. Zama zile kazi ya mawakili wa mji ilikuwa katika jengo lililojengwa mwaka 1902 karibu na Ngome, ambalo siku hizi li mikononi mwa Makumbusho, na watalii hupita mlangoni pake bila ya kujua ni nyumba ngapi na mashamba mangapi yaliyobadili wenyewe ndani ya kuta zile. Kutoka hapo akaingia katika Kongresi ya Wahindi wa Afrika ya Mashariki, akawa mmoja wa waongozi wake na hata rais wake, na mwishoni mwa miaka ya 1930 akawa mjumbe katika Baraza la Kutunga Sheria la Kenya.

Ili tuelewe kiti alichokikalia, hatuna budi kukumbuka baraza lile lilivyoundwa. Viti vya kuchaguliwa viligawanywa kwa asili za watu. Tangu mwaka 1927 Wazungu walikuwa na viti 11, Wahindi 5, na Waarabu 1. Waafrika, ambao ndio wengi kuliko wote, hawakuwa na Mwafrika hata mmoja barazani mpaka mwaka 1944 alipoteuliwa Eliud Mathu. Kabla yake husemewa na mmisionari wa Kizungu. India ilipogawanyika mwaka 1947, mgawanyiko ule ulivuka bahari ukatufikia hapa, na kufika uchaguzi wa mwaka 1952 viti vya Wahindi vyenyewe vilikuwa vimepasuliwa, vingine vya Waislamu na vingine vya wasio Waislamu.

Angalieni maana ya mpango huo. Kila mjumbe aliingia barazani akiwa wakili wa mteja mmoja. Mzungu alikuja kushinda kesi ya Wazungu, Mhindi ya Wahindi, Mwarabu ya Waarabu. Mjumbe aliyesema neno kwa faida ya jirani yake aliulizwa na waliomtuma: sisi tulikutuma hilo? Baraza likageuzwa mahakama yenye washtaki wengi, na hakimu wake ni Gavana, naye Gavana mwenyewe alikuwa mmoja wa wadai.

Katika mpango kama huo mwanasheria hustawi, kwa kuwa ndio mchezo aujuao. Nasi hatusemi kwamba Patel alikuwa mtu mbaya. Wahindi wa zama zile walikuwa na dhulma za kweli za kulalamikia: walizuiwa kununua mashamba katika nyanda za juu, walibaguliwa katika makazi, na kura yao ilifanywa nyepesi kuliko ya Mzungu. Kuzisemea haki hizo kulikuwa wajibu. Lakini swali letu ni jingine: mtu akikaa miaka mingi katika kiti kilichochongwa kwa umbo la kesi ya watu wake peke yao, macho yake yataweza kumwona asiye mteja wake?

Swali hilo lilikuja wazi mwaka 1954. Nchi ilikuwa katika Hali ya Hatari iliyotangazwa Oktoba 1952. Waziri wa Makoloni wa Uingereza, Oliver Lyttelton, akaleta katiba mpya iliyoweka kwa mara ya kwanza mawaziri waliotoka miongoni mwa wakazi wa nchi: Wazungu 3, Wahindi 2, na Mwafrika 1. A. B. Patel akakubali kuwa waziri asiye na wizara maalumu, Ibrahim Nathoo akachukua kazi za ujenzi, na B. A. Ohanga akachukua maendeleo ya jamii. Waliokubali waliona kwamba aliye ndani hupunguza shari, na aliye nje hupiga kelele tu. Hoja hiyo si ya kudharauliwa. Nabii Yusuf alitumikia hazina ya mfalme asiyekuwa wa dini yake, akaokoa watu na njaa.

Lakini Yusuf alipewa funguo za ghala. Waziri asiye na wizara hupewa kiti, na jina lake huongezwa katika orodha ya walioamua. Katika miaka ile ile serikali ile ile iliwatundika watu 1,090 kwa makosa ya uasi, na wengine wengi mno wakafungwa kambini bila ya kuhukumiwa. Twauliza, bila ya kudai kuujua moyo wa mtu: mwanasheria aliyetumia umri wake akisema kwamba hakuna kuhukumiwa bila ya kusikizwa, alipokaa mezani na serikali ya namna hiyo, wale waliokuwa kambini walikuwa wateja wa nani?

Kwa upande mwingine alikuwapo mwanasheria mwingine, C. M. G. Argwings-Kodhek, Mwafrika wa kwanza wa Kenya kufanya kazi ya uwakili mahakamani. Yeye katika miaka hiyo alikuwa Nairobi akiwatetea walioshtakiwa kwa uasi, watu ambao wengi wao hawakuwa na fedha wala ndugu wa kuwafikia. Kisha naye akaingia siasa: akaanzisha chama cha Waafrika wa wilaya ya Nairobi, kwa kuwa chama cha nchi nzima kilikuwa hakiruhusiwi, mwaka 1957 akashindwa na Tom Mboya katika kugombea kiti cha Nairobi, mwaka 1963 akaingia Bungeni kutoka Gem, akawa waziri, na Januari 1969 akafariki katika ajali ya gari. Kazi ni moja, zama ni moja, nchi ni moja. Tofauti haikuwa katika sheria waliyoisoma. Tofauti ni kwamba mmoja, wakati mgumu ulipofika, aliwasemea walioshindwa kumkodi mtu, na mwingine alibaki mahali alipowekwa na kiti chake.

Hata hivyo hatutaki kumdhulumu A. B. Patel baada ya kufa kwake, maana maisha yake yana ukurasa wa mwisho. Baada ya uwaziri ule aliacha siasa na uwakili pamoja, akaondoka Kenya akaenda Pondicherry, kusini ya India, akaishi katika jumuiya ya wafuasi wa Sri Aurobindo. Huko akawa katibu wa chama kilichojishughulisha na umoja wa wanadamu wote. Imani yao si imani yetu, wala hatuiingilii. Lakini twaona jambo la kuzingatiwa. Mtu aliyeketi miaka mingi katika kiti kilichokatwa kwa rangi, kisha kikapasuliwa tena kwa dini, alipopata nafasi ya kuchagua kazi mwenyewe alichagua kuwaambia watu kwamba wao ni kitu kimoja. Labda alikuwa akilijua hilo tangu zamani, na kiti hakikumpa mahali pa kulisema. Ikiwa ndivyo, basi ni funzo la kuhuzunisha: jema alilokuwa nalo, mji wetu ulikuwa na haja nalo kuliko Pondicherry.

Mzee aliposikia habari hizi alisema: "Si nimewaambia? Kazi ile humfunga mtu." Hapo ikatubidi tumletee mfano mwingine unaopinga.

Mwaka 1893 meli iliyotoka Bombay ilitia nanga Lamu, kisha hapa Mombasa, kisha Unguja, ikielekea kusini. Ndani yake alikuwamo kijana mwanasheria asiyekuwa na jina wala kesi, Mohandas Gandhi. Alikuwa ameajiriwa na mfanyabiashara Muislamu, Dada Abdulla, katika daawa kubwa ya fedha juu ya Muislamu mwenziwe na jamaa yake, Tyeb, huko Afrika ya Kusini. Kesi ilikuwa na nguvu, na mawakili wa pande zote mbili walikuwa wakinenepa. Gandhi aliona kuwa ikiendelea itawafilisi wote wawili, akawaomba wakubali msuluhishi. Msuluhishi akampa Dada Abdulla haki yake. Lakini Tyeb angelipa zote mara moja angefilisika na kuaibika, basi Gandhi akahangaika tena mpaka mteja wake akakubali kulipwa kidogo kidogo kwa miaka. Mwenyewe ameeleza kuwa hapo ndipo alipojua kazi ya kweli ya mwanasheria: kuwaunganisha waliofarakana. Mwaka 1894 akasaidia kuanzisha chama cha Wahindi wa Natal, na yaliyofuata dunia nzima yajua.

Alilolifanya si geni kwetu. Qur'ani imesema kuwa suluhu ni kheri, na makadhi wetu wa zamani walikuwa wakiwarudisha watu nyumbani wakasuluhishane kabla ya kuandika hukumu. Lakini tazameni tena mwendo wake. Alikuwa wakili wa Dada Abdulla, akachukua ujira wa Dada Abdulla, na hakumsaliti hata kwa senti moja. Juu ya hayo alimwona Tyeb pia. Alijua kuwa haki ya mteja wake haikuwa na haja ya kuangamia kwa mtu wa pili. Basi uwakili peke yake haumfungi mtu macho. Mtu hufungwa na kudhani kwamba asiyemlipa si mtu.

Hapa ndipo tukafika kwenye jibu la mzee, nalo ni hili. Mahakamani kuna pande mbili, na kila upande una msemaji wake, na juu yao yuko hakimu. Wakili akisema ya upande mmoja tu hajadhulumu, madhali hasemi uongo, kwa sababu yuko mwingine wa kusema ya upande wa pili na yuko wa kupima. Barazani sivyo. Asiyekuwapo hana msemaji. Mtoto ambaye hajazaliwa hana msemaji. Mtu aliyekipigia kura chama kilichoshindwa, mgeni aliyehamia mwaka jana, jirani wa ng'ambo ya pili ya maji, hao wote hawana wa kumjibu yule fasaha. Kwa hiyo desturi iliyo halali mahakamani, ya kusema ya upande wako ukanyamaza, barazani huwa khiyana. Siku wakili anapoapishwa barazani mteja wake amebadilika. Jana alikuwa ni yule aliyemlipa. Leo ni kila atakayeguswa na uamuzi, na wa kwanza wao ni yule asiyeweza kumlipa.

Lakini ndugu zetu, tusimtupie mwanasheria lawama yote, maana sisi ndio tunaomtuma. Yatazameni yaliyotokea Madina, kama wafasiri walivyoeleza. Mtu mmoja wa jamaa ya Bani Ubayriq, katika waliojiita Waislamu, aliiba deraa, kisha shutuma ikamwangukia Myahudi. Jamaa zake walijua au walishuku ukweli, lakini walikwenda kwa Mtume kumtaka amsimamie mtu wao, kwa kuwa ni mtu wao. Zikateremka aya katika Suratun-Nisaa zikimkataza Mtume asiwe mtetezi wa makhaini, na zikamtakasa yule Myahudi na kosa asilolitenda. Wakati ule Uislamu ulikuwa na maadui wengi na kila aibu ilikuwa silaha mikononi mwao, na juu ya hayo Mwenyezi Mungu hakuridhia heshima ya Waislamu isimamishwe juu ya mgongo wa asiye Muislamu aliyedhulumiwa. Lile kosa halikuwa la mwizi peke yake. Lilikuwa la ukoo uliokwenda kutafuta wakili wa kushinda.

Je, sisi wa pwani tu salama na kosa hilo? Twaomba ndugu zetu watuvumilie, maana sasa twasema la kwetu.

Sheria ya Hati za Ardhi ya mwaka 1908 ilimtaka kila mwenye kudai ardhi katika pwani hii aje mbele ya Msajili na ushahidi wake. Na ardhi isiyodaiwa ikahesabiwa kuwa ya Serikali. Waliojua kusoma, waliokuwa na hati au mashahidi au fedha za wakili, walikwenda wakapata. Wengi katika majirani zetu Wamijikenda, ambao ardhi kwao ilikuwa ya ukoo na haikuandikwa popote, hawakupata. Na miongoni mwa Waislamu pia wako wengi maskini waliotoka mikono mitupu. Kisha Oktoba 1963, Kenya ilipokuwa karibu na uhuru, serikali ya Unguja na serikali ya Kenya zilikubaliana juu ya ukanda huu wa maili kumi. Katika ahadi zilizoandikwa ni kubakia kwa mahakama za makadhi, na kutambuliwa daima kwa hati za ardhi zilizokwisha sajiliwa. Twazishukuru ahadi hizo. Lakini zisomeni kwa jicho la mtu asiyekuwa na hati. Mwenye hati alipata wakili katika mkutano ule. Asiyekuwa na hati alitajwa wapi? Na miaka yote hii iliyopita, magomvi ya maskwota na wenye mashamba yaliyojaa pwani yetu ni sauti ya yule ambaye hakusemewa, ikirudi na ukali.

Twajua baadhi yetu watasema: kwani haki yetu tungeiacha? Hapana. Dada Abdulla hakuiacha haki yake. Twasema tu kwamba wasemaji wetu tuliwatuma wakashinde, na walipotuletea ushindi hatukuuliza nani amebaki nje.

Hata sisi wa Kibarani tumeonja upande wa pili. Kwa miaka mingi takataka za mji zilimwagwa hapa, ukingoni mwa maji karibu na Makupa, moshi ukiingia majumbani, na wasafiri wakipandisha vioo vya magari, mpaka jaa lilipofungwa si miaka mingi iliyopita. Mambo ya namna hii hayana haja ya adui. Yatosha kila mtaa uwe na msemaji hodari, na kila msemaji ashinde kesi yake moja, kwamba jaa lisiwekwe kwake. Mwisho wa ushindi wote huo takataka huteremka mahali ambapo msemaji wake hakuwako siku ile, au alikuwako na kauli yake ilikuwa dhaifu. Sisi tulipovuta moshi ule tulijua maana ya kutokuwa mteja wa mtu.

Basi twamwambia kijana wetu: nenda ukasome. Mji wenye watu wasiojua sheria ni shamba lisilo ua. Jifunze kusoma hati kabla ya kuitia sahihi, kusikiliza shahidi bila ya kumkata maneno, kutunza siri, na kutochanganya fedha za mteja na zako. Mambo haya barazani ni adimu na yana thamani. Lakini siku utakapopata kiti, lile koti la wakili livue mlangoni. Kabla ya kusema lolote, jiulize ni nani ataumia na hayupo, useme yake kwanza, hata kama waliokupigia kura watakununia. Na ukiona kiti chenyewe kimechongwa hata hakikuruhusu kusema hivyo, usingoje uzeeni ndipo ukaseme ng'ambo. Useme hapa, na kiti kikikutoka kikutoke.

Na twajiambia sisi wenye kura: tunapomwendea mtu fasaha tukamwambia atupiganie, tuangalie tusiwe Bani Ubayriq. Mgombea akija barazani kwetu akatuahidi kutupa sisi na kuwanyima wenzetu, tusimpigie makofi. Aliye tayari kumdhulumu jirani kwa kura yetu atatudhulumu sisi kwa kura ya mwingine, na hapo hatutakuwa na haki ya kulia.

Mzee alitusikiliza mpaka mwisho. Hakusema kwamba ameridhika. Alinyamaza kidogo, kisha akamgeukia mjukuu wake akamwambia: "Nenda. Lakini kesi yako ya kwanza nitakuja kuketi nyuma, nikusikilize." Kijana akamwambia, "Inshallah, babu, nami nitakuwekea kiti." Tukaifunga darsa kwa dua.

Mwenyezi Mungu, ambaye Yeye ndiye Wakili asiyemsahau yeyote, atujaalie tuwe waaminifu katika ndimi zetu, na atulinde na ushindi ambao kesho utakuwa ni kipande cha moto mikononi mwetu. Amin.